Avenue Masuku Iko Wapi?

Kuna benchi moja hapa Kolwezi, pale lami inapokatika na vumbi kushika zamu, ambalo mgeni akikaa vibaya huinuliwa. Si kwa ubaya. Kila mtu pale ana nafasi yake, na nafasi hizo zilipangwa kwingine kabisa, kwenye avenue Masuku, kabla kampuni moja haijazungushia mtaa mzima ukuta na kuanza kuchimba. Watu walipohamishwa, miaka sita iliyopita, kila mmoja alibeba mabati yake na masufuria yake akaenda kupanga alikopata. Benchi lilipakiwa kwenye mkokoteni likaletwa hapa. Tangu siku hiyo wenyewe hulikalia kwa mpangilio wa nyumba zao za zamani, na huitana kwa namba za nyumba hizo, kwa Kifaransa, kama zilivyoandikwa milangoni: Tata Neuf, yaani Mzee Tisa, Dix-Sept, Kumi na Saba, Vingt-Deux, Ishirini na Mbili. Nafasi ya Quatorze, Kumi na Nne, huwa wazi, maana mwenyewe ndiye anayepika kahawa. Huyo ni Mama Mushiya, na ukimwita kwa jina hilo asubuhi atakutazama kwanza kama anakumbuka deni, kisha ndipo aitike.

Ijumaa hiyo Mama Mushiya alikuwa ametia sukari mara mbili kwenye birika, na hakuna aliyelalamika. Wote walijua kwamba saa tano mahakama ingekaa, na kwamba jalada lililokuwa mezani lilikuwa la Abigaëlle, kitinda mimba wake.

Mambo yenyewe yalikuwa hivi. Ofisi moja ya jimbo ilitangaza kazi za Serikali, kusimamia mizani inayopima malori ya madini. Vijana mia na arobaini walifanya mtihani, watatu wakatakiwa, Abigaëlle akawa wa tatu. Wa nne, kijana anayeitwa Samy ambaye hakuna aliyepata kumwona uso, akakimbilia mahakamani. Tangazo, alisema, lilitaka mtu aliyeishi Lualaba miaka mitano bila kukatiza. Huyu binti ameandika kwenye fomu avenue ambayo haipo. Kwa hiyo hana haki ya kuajiriwa. Akaongeza kwamba Kalonji, jina la baba wa binti, ni la watu wa Kasai, basi korti iangalie vizuri ametokea wapi.

Neno hilo la mwisho lilimchoma Mama Mushiya. Babu yake aliletwa kutoka Kasai kwa treni kuchimba shaba ya Wazungu, na amezikwa hapa hapa. Baba yake amezikwa hapa. Mume wake, marehemu Kalonji, amezikwa hapa. Sasa mtu akitaka kujua ametoka wapi, amwonyeshe makaburi mangapi?

Lakini kilichomnyima usingizi si Samy. Siku ya kujaza fomu, Abigaëlle alitaka kuandika nyumba wanayopanga sasa, ambamo wamekaa miezi minane tu. Mama ndiye aliyegonga meza akasema: "Andika Masuku. Ndiko kwenu." Mtoto akaandika.

– Ngoyeni niwaambie, akaanza Tata Neuf.

Tata Neuf, kwa jina halisi Ngeleka, alikuwa mbeba majalada wa mahakama kwa miaka kumi na minane, na anaamini sheria humwingia mtu kwa kwapa.

– Iyi affaire ni nyepesi kabisa. Mu droit, mu sheria, adresse ni kama jina ya mutu. Mutu akikufa, jina yake inakufaka?

– Haikufake, akaitikia Dix-Sept.

– Bon. Avenue inaweza kufa, adresse inabakia. Juge, hakimu mwenyewe, atasoma ile, atafunga dossier, ataenda kula.

– Article gani, kifungu gani kinasema vile, Tata Neuf?

– Article ni mingi. Siwezi kukutajia yote na tumbo bule.

Vingt-Deux akapiga goti lake. Huyu ni Stany, mwashi wa nyumba, mtu mwenye methali kwa kila jambo na mara zote si ile.

– Bazee balisema: njia ya muongo ni fupi. Sasa avenue yetu ilikuwa na manyumba makumi tatu na moya. Ilikuwa fupi?

– Haikukuwa fupi.

– Basi siye si baongo. Affaire imeisha.

Mama Mushiya akamjazia kikombe, akitumaini kwamba mdomo ukishughulika utapumzika kidogo.

– Macho ya huissier haisomake mezali, Stany, akamwambia. Juge alisema huissier mwenyewe aende pa fasi, aangalie kama adresse iko, alete karatasi leo mbele ya saa tano. Sasa atakuja kuangalia, ataona nini? Ataona ukuta.

Huissier ndiye mjumbe wa mahakama, yule anayetumwa kwenda kuona kwa macho na kuandika alichoona. Kwenye benchi neno hilo lilipita kama harufu ya kitu kinachoungua. Halikudumu.

– Basi mi najenga mulango, akasema Vingt-Deux.

– Mulango ya nini? akauliza Tata Neuf.

– Ya quatorze. Si nyumba, mulango tu. Pale pale inje ya ukuta yao. Matofali makumi ine, mbao, rangi, numéro. Saa mbili tu nimemaliza. Huissier anafika, anasoma quatorze, anapiga hodi.

– Na nani atamuitikia?

– Mama Quatorze atakuwa nyuma yake. Atasema karibu.

– Na akifungua, aone ukuta ya kampuni?

– Juu ya nini afungue? Mutu wa heshima haingiake mu nyumba ya mama mujane bila kuitwa mara tatu.

Mama Mushiya akacheka bila kutaka. Kilikuwa kicheko chake cha kwanza tangu Jumatatu, na kilimtoka puani.

Dix-Sept alikuwa akitikisa kichwa kwa huruma, kama kijana anavyowahurumia wazee. Yeye ni Kisimba, dereva wa pikipiki, hubeba watu kwenda Mutoshi na kurudi, na simu yake huning'inia shingoni mchana kutwa. Kisichokuwamo ndani ya simu hiyo, kwake yeye, hakijaumbwa.

– Matofali ni bitu bya zamani. Angalieni hapa. Carte, ramani ya humu, haiyue kama balituhamisha. Avenue Masuku, iyi hapa, na manyumba yake yote. Hata paa ya Mama Quatorze, na ile bati moya ya bleu.

Vichwa vikainama juu ya simu. Mama Mushiya naye akaangalia. Paa lilikuwapo kweli, limepigwa picha kutoka juu, siku gani hajui, na lile bati la buluu ambalo Kalonji alilinunua peke yake kwa sababu mabati ya rangi nyingine yalikuwa yamekwisha dukani. Aligombana naye wiki nzima kwa ajili ya bati hilo. Sasa alikuwa tayari kulikumbatia. Akamrudishia kijana simu yake haraka, akajifanya anaangalia moto.

– Sasa mpango ni hii, akaendelea Dix-Sept. Minapandisha huissier ku moto, pikipiki yangu, minamupeleka mupaka pa ukuta, minamwambia: Maître, hapana angalia kule, angalia humu. Telefone haisemake uongo.

– Na ikizimika?

– Niko na chaja ya mufuko.

Tata Neuf hakupenda kushindwa na mtoto. Akashusha kikombe taratibu, kama watu aliowaona mahakamani wakishusha miwani.

– Munasumbuka bure. Mu droit, avenue haikutoka. Imeshuka.

– Imeshuka wapi, mukubwa?

– Chini. Zamani quatorze ilikuwa pa juu ya udongo. Leo iko mètre makumi munane chini, lakini fasi ni ile ile. Ukisimama mule mu shimo, uangalie juu, unaona mbingu gani? Ile ya Masuku. Adresse ni mbingu. Udongo ni détail.

– Lakini ile udongo balibeba, akasema Vingt-Deux. Malori na malori. Niliona na macho yangu.

– Balipeleka wapi?

– Ku usine, kule kiwandani. Kisha ku bateau, meli ya bahari. Kisha kwa batu ba mbali, banatengeneza nayo batterie.

Dix-Sept akaitazama simu mkononi mwake. Akaigeuza mgongo. Akaigonga kwa kucha.

– Basi iko humu.

– Nini iko humu?

– Avenue. Si mu carte. Mu batterie yenyewe! Udongo ya jiko ya Mama Quatorze iko humu ndani, inapiga moto.

Hapo benchi lilisimama. Vingt-Deux alipiga makofi mpaka kahawa ikamwagika.

– Haba na haba hujaza kibaba! Dunia muzima iko na kipande ya Masuku mu mufuko!

– Hata juge!

– Hata ule Samy! Anashitaki adresse, kumbe anaibeba mu suruali!

– Saa tano, akatangaza Tata Neuf huku akifunga kifungo cha koti, tunaomba juge aweke telefone yake pa meza. Inakuwa pièce, kielelezo, inaingia mu dossier. Kisha minamuuliza juge, na heshima yote: Monsieur le Président, hii cobalt yako ilizaliwa ku avenue gani?

Wakapeana mikono. Kesi ilikuwa imekwisha, na walikuwa wameishinda kwa njia nne. Dix-Sept akaanza kuuliza kama Abigaëlle akishakaa pale kwenye mizani atahitaji dereva. Vingt-Deux alijua kwa hakika kwamba mizani hujengewa kibanda, na kibanda hakijijengi. Mama Mushiya mwenyewe, ambaye si mtu wa kudanganywa na maneno, alijikuta amepata joto kifuani. Ni tamu kusikia watu wakimshindia mtoto wako.

Katika furaha hiyo hawakumwona mtu aliyefika na kukaa. Alikuwa na tai, na jalada kwapani, na vumbi lilikuwa limempanda mpaka magotini. Alikaa pale pale kwenye nafasi ya Quatorze, na hakuna aliyemwinua. Akaomba kahawa, akainywa yote bila kupumua. Wakamsimulia kila kitu: mlango, simu, mbingu, batri. Mgeni akasikiliza mpaka mwisho, akapangusa mdomo.

– Aksanti, ba tata. Mi ni Mukuna, huissier. Tangu saa kumi na mbili nazunguka. Kila mutu ninamuuliza Masuku, ananituma hapa. Sasa naomba tu munionyeshe na kidole. Avenue Masuku iko wapi?

Mkono wa Dix-Sept ulianza kupanda kuelekea upande wa shimo. Ulifika kifuani, ukashuka. Vingt-Deux akatafuta methali akakuta patupu.

– Sitaki kubasumbua, akasema Mukuna, na kweli hakusema kwa ubaya. Lakini ikikosa wa kunionyesha, naandika "haiyulikane". Niko na saa moya na nusu.

Haijulikani. Neno moja tu, na mtoto amekosa kazi. Mama Mushiya aliliona neno hilo limeshaandikwa, kwa mwandiko mzuri wa mtu yule, na chini yake muhuri. Kwa miaka sita alikuwa amekataa. Alihamia nyumba tatu za kupanga na hakutundika pazia hata moja. Padri akimuuliza anakaa wapi, alisema Masuku. Wateja wakimuuliza, Masuku. Asubuhi nzima wanaume hawa walikuwa wakihangaika kuifanya avenue iwepo, naye akawajazia vikombe, maana ndivyo alivyotaka kusikia. Kumbe ni kiburi hicho hicho kilichokuwa kinamzamisha binti yake. Aliona aibu, na aibu hiyo ikamsimamisha wima. Akapangusa mikono kwenye kitenge.

– Haiko, akasema.

– Mama Quatorze! Tata Neuf akaruka.

– Nyamaza, Ngeleka.

Hakuna aliyekuwa amemwita Ngeleka kwa miaka mingi. Akakaa chini.

– Maître, andika: haiko. Balitoboa. Nyumba yangu, kanisa, bomba ya mayi, byote byilienda. Siku balivunja quatorze nilisimama pale na uyu mutoto. Alikuwa na miaka kumi na saba, alibeba saa ya ukutani na tubitu twake twa shule, daftari zake, mu beseni. Andika ile yote. Kisha andika na iyi. Mutu wa mbali akitaka kudanganya Serikali, anaandika avenue gani?

Mukuna akainua macho.

– Anaandika yenye iko, akajijibu Mama Mushiya. Anapita mu barabara, anaona kibao, anakopia. Ni kazi ya dakika mbili. Yetu haina kibao. Haina njia. Hata udongo yake balishabeba. Nani anaweza kuandika avenue yenye haiko, kama si mutoto mwenye alizaliwa mule?

Kalamu ya Mukuna ilikuwa imesimama hewani.

– Rudilia, mama. Polepole.

Akarudia, polepole. Mukuna aliandika kila neno. Alipofika mwisho akasoma mwenyewe kimoyomoyo, akachora mstari chini ya sentensi moja, jambo ambalo Tata Neuf alilieleza baadaye kuwa ni ishara kubwa sana mu droit.

– Na iyi miaka sita ya nyuma? Nani alimuona?

Hapo benchi lilipata kazi liliyoiweza. Dix-Sept alimpeleka chuo kila asubuhi ya mvua, na anakumbuka viatu gani vilibaki kwenye matope. Vingt-Deux alimpigilia meza ya kusomea, katika nyumba zote tatu, maana kila wakihama mguu mmoja ulivunjika. Tata Neuf alimfundisha kupanga majalada kwa alfabeti. Hakuna aliyetia methali wala article. Wakaweka saini kwa majina yao ya kweli: Kisimba, Stany, Ngeleka. Ilikuwa ajabu kuyaona yamepangwa hivyo kwenye karatasi.

– Sasa wewe, mama. Hapa unakubali mbele ya tribunal kwamba numéro quatorze ya avenue Masuku haiko tena.

Mama Mushiya akaishika kalamu. Iliuma, na hakuona sababu ya kuficha kwamba iliuma. Machozi mawili yakashuka akayaacha. Ilikuwa kama kuzika mara ya pili, ila safari hii yeye ndiye aliyeombwa aseme kwamba ni kweli amekufa. Akaweka saini kubwa, yenye mkia.

– Muzuri, akasema Mukuna. Na mi niwaambie kitu chenye sina ruhusa ya kusema: karatasi kama iyi juge hataitupa. Imebakia mustari moya tu. Ni lazima niandike nilibasikilizia wapi. Hapa ni avenue gani?

Vingt-Deux akatazama ukuta wa duka la saruji lililo nyuma ya benchi, kana kwamba ungemnong'oneza.

– Hapa ni kwa ba Masuku, akasema Dix-Sept.

– Ile yenye mumesaini sasa hivi kama haiko?

– Mu droit, akaanza Tata Neuf, kisha akaacha.

Dix-Sept alikuwa tayari ameshika simu. Akaivuta ramani, akaikuza, akaikuza tena. Kona ilikuwapo, barabara ilikuwapo, mstari mweupe bila jina. Yeye, anayejua kila mfereji kutoka hapa mpaka Mutoshi.

– Siyui, akasema. Miaka sita, siyui.

Hakuna aliyejua. Hakuna aliyewahi kuuliza.

– Bila fasi, karatasi haina nguvu, akasema Mukuna, na kwa mara ya kwanza akaangalia saa.

Ng'ambo ya barabara mwanamke mmoja alikuwa akifagia mbele ya lango lake. Kila asubuhi, kwa miaka yote hiyo, mwanamke huyo alikuwa amempungia Mama Mushiya mkono, na kila asubuhi Mama Mushiya alikuwa amemjibu kwa kichwa tu, kwa sababu hakutaka kuanza ujirani mahali ambapo hakukusudia kubaki. Sasa alikaza kitenge, akapisha lori moja, akavuka.

– Hodi, jirani.

Ufagio ukasimama. Mwanamke akamtazama, kisha uso wake wote ukafunguka, kama mtu aliyekuwa ameweka kiti tayari kwa muda mrefu.

– Karibu, mama! Karibu sana. Mi ni Henriette.

– Mi ni Mushiya. Samahani, Henriette, nisaidie kidogo. Hapa kwetu ni avenue gani?